Nilisema "farasi wa bahari", sasa mjomba anatafuta mganga

Shikamoo Shangazi,

Nakuandikia kutoka Mikindani, na naandika usiku kwa sababu mchana nyumba imejaa watu. Mama yangu ana miaka 71. Tangu msimu wa korosho wa mwaka juzi amekuwa na usahaulifu unaotutisha. Kusahau miwani tumekuzoea, hata mimi nasahau. Huyu anauliza, "Mmeshakula?" tunamjibu, na kabla sijamaliza kukusanya sahani anauliza tena. Mchuzi anautia chumvi mara mbili, mara tatu. Mwezi wa nane alitoka shambani kwa njia aliyoipita zaidi ya miaka thelathini, akaja kukutwa na kijana wa bodaboda kwenye barabara ya kwenda Lindi, jembe begani, anakwenda tu.

Linalotuchanganya ni kwamba ya zamani hayajamtoka. Mkalishe kibarazani, atakusimulia Newala ya utoto wake, jinsi walivyoteremka bondeni alfajiri kuchota maji, nani alitangulia, nani alivunja mtungi, mpaka wimbo waliouimba wakipandisha mlima. Chai aliyokunywa asubuhi hana habari nayo. Na ukimpa korosho abangue, mikono inakwenda kama zamani, punje zinatoka nzima nzima, sisi wenye akili timamu ndio tunaozivunja.

Mwaka jana zilipotea shilingi laki moja na ishirini za malipo ya korosho. Mama akaapa kwamba mjukuu wake, mwanangu wa kidato cha pili, ndiye aliyeiba. Mtoto alisemwa wiki nzima. Mwezi uliofuata nikazikuta ndani ya debe la unga wa muhogo, zimefungwa kwenye pindo la kanga yake mwenyewe. Basi tukanyamaza.

Tuliandikiwa kipimo cha MRI, kile cha kupiga picha ya ndani ya kichwa, tukachanga, nikampeleka Dar es Salaam kwa basi. Aliyetupa majibu alinikabidhi bahasha, akasema turudi kliniki baada ya mwezi. Hakufungua, hakueleza, na nyuma yetu foleni ilikuwa imefika mlangoni.

Nyumbani kikaitishwa kikao. Karatasi ni ya Kiingereza, na mimi wa kidato cha nne ndiye msomi wao. Kulikuwa na neno limerudiwa mara tatu, hipokampasi, na pembeni yake neno la kusinyaa. La kusinyaa nililijua. Lile jingine nikaliingiza kwenye simu, ikaniletea picha ya yule samaki mdogo mwenye kichwa cha farasi na mkia uliojikunja. Nikatangaza mbele ya wote: "Majibu yanasema farasi wa bahari wa mama amekonda."

Shangazi, pale ndipo nilipojimaliza. Mjomba, kaka yake mama wa tumbo moja, mvuvi wa siku nyingi, aliweka kikombe chini taratibu. Akasema, "Amekonda kwa sababu halishwi. Mlimshusha dada yangu kutoka mlimani mkamleta pwani, bahari hamkuiaga. Sasa ana wa baharini, na wa baharini anadai chake." Kesho yake alikwishapata mganga. Anatakiwa mbuzi mweusi, shilingi laki nne, na mama akakae huko siku ishirini na moja, vidonge vyake vya presha viwekwe kando kwanza ili dawa zisigombane.

Unajua kwetu mjomba akisema, amesema. Mimi mwenyewe usiku najiuliza kama nimetoa siri nisiyoijua. Hilo neno ni la mnyama, la ugonjwa, au la nini? Na nikishajua, namrudije mjomba bila kumvunjia heshima?

Binti Mkubwa, Mikindani

*

Marahaba mwanangu, na poleni sana na mama.

Hipokampasi ni sehemu ya ubongo. Kila mtu anayo. Wewe unayo, mimi ninayo, mjomba anayo, hata yule mbuzi mweusi anayesubiri kuchinjwa anayo. Kwa binadamu ziko mbili, moja kila upande, ndani kabisa ya kichwa, kama usawa wa masikio. Neno lenyewe halitaji ugonjwa. Kuambiwa una hipokampasi ni sawa na kuambiwa una figo. Habari ya karatasi yenu iko kwenye lile neno la pili, kusinyaa, na nitalifikia.

Kwanza nikuoneshe ulipojikwaa, maana kosa lenyewe ni dogo kuliko unavyofikiri. Karatasi ilisema hipokampasi *imesinyaa*. Wewe ukasema farasi *amekonda*. Hiyo "a" yako ndiyo iliyompa farasi uhai. Kwa Kiswahili, ukishasema "amekonda" umeleta kiumbe ndani ya nyumba, na kinachokonda kina mdomo, na chenye mdomo hudai chakula. Mjomba alikwenda na sarufi uliyompa mpaka mwisho wake, na kwa kweli simlaumu. Ungesema "kuna kipande cha ubongo wa mama kimesinyaa", pengine mngekuwa mnajadili nauli ya kurudi kliniki.

Na lugha yetu imejaa mitego hiyo hiyo, ila tumeizoea. Jirani yako akiambiwa ana mtoto wa jicho, nani huuliza baba yake mtoto ni nani? Akipasuliwa kidole tumbo, hatuulizi kitavishwa pete gani. Mtu akitokwa na malengelenge ubavuni tunasema ana mkanda wa jeshi, wala hakuna kambi inayokuja kuudai. Majina ya mwilini hutolewa kwa kufananisha. Aliyeliona jambo kwanza hutafuta kitu anachokijua, akakiazima jina, wengine wakafuata.

Hili la hipokampasi alilianzisha mpasuaji wa Italia aitwaye Giulio Cesare Aranzi, mwalimu wa Bologna, kwenye maandishi yake ya mwaka 1587. Alipoufungua ubongo akakuta kitu kilichovimba na kujikunja, akakifananisha na farasi wa bahari. Lakini hata yeye hakuwa na hakika, maana hapo hapo akataja na kiwavi wa hariri. Neno lenyewe ni la Kigiriki, *hippos* ni farasi na *kampos* ni dude la baharini. Sitakuficha: Wagiriki wa kale walikuwa na hadithi za mnyama nusu farasi nusu samaki, aliyekokota gari la mungu wao wa bahari. Kwa hiyo ukimwambia mjomba kwamba neno hili limepita baharini na kwenye visa vya kale, hutakuwa umemdanganya. Ila Aranzi alikuwa anaeleza umbo tu.

Waliomfuata wakaendelea kuvutana. Mwaka 1732 mwingine, Winslow, akasema hii ni pembe ya kondoo dume. Baadaye ikaitwa pembe ya Amoni, kwa yule mungu wa Misri aliyechorwa na pembe za kondoo, na jina hilo bado lipo: ukiona madaktari wameandika CA1 au CA3, hizo herufi mbili ni kifupi cha pembe hiyo kwa Kilatini. Kisha mwaka 1779 bwana mmoja, Mayer, akakosea akaandika *hippopotamus*, yaani kiboko. Wengine wakanakili. Kosa halikusahihishwa mpaka mwaka 1829, na Burdach. Fikiria, miaka hamsini wasomi wa Ulaya wanaandika kwamba mtu ana kiboko kichwani! Wewe umekosea jioni moja tu. Na kama karatasi ya mama ingekuwa ya zama zile, mjomba angeshawapeleka kando ya mto Ruvuma.

Mimi huwa nafikiri kama Aranzi angezaliwa Mtwara asingesumbuka na farasi wala kiwavi, angeiita korosho. Chukua punje moja aliyobangua mama, iweke kiganjani, uitazame ubavuni. Mkunjo ule, upande mmoja mnene na mwingine umechongoka kidogo, hauko mbali na kitu chenyewe. Na mbele yake, imegusana nayo kabisa, kuna sehemu nyingine ndogo inayohusika sana na hofu. Hiyo inaitwa amigdala, na maana yake ni lozi. Nani amewahi kupelekwa kwa mganga kwa kuwa na lozi kichwani?

Sasa kazi yake. Haya yalijulikana kwa bahati mbaya ya mtu mmoja. Mwaka 1953, huko Marekani, daktari William Scoville alimpasua kijana wa miaka 27, Henry Molaison, aliyekuwa akisumbuliwa na kifafa kikali. Akaondoa sehemu za ndani za pande zote mbili za ubongo wake, pamoja na sehemu kubwa ya hipokampasi zote mbili. Kifafa kilipungua. Lakini tangu siku ile, jambo jipya halikukaa kwake. Mnazungumza naye, unatoka, unarudi baada ya dakika chache, anakusalimu kama mgeni. Utoto wake aliukumbuka. Mtaalamu Brenda Milner akamfundisha kuchora nyota huku akiitazama kwenye kioo, jambo gumu, jaribu uone. Siku baada ya siku mkono wake uliboreka, na kila siku alisema hajawahi kufanya zoezi lile. Aliishi hivyo mpaka mwaka 2008, akiwa na miaka 82.

Soma tena barua yako, pale uliposimulia Newala, chai na korosho. Mama yako si Henry, yeye hakupasuliwa, hipokampasi zake ziko bado, ila zimepungua. Lakini unaona jinsi mambo yanavyojipanga. Chai ya asubuhi inahitaji hipokampasi ili iingie na kukaa, nayo imechoka kupokea. Newala ya utotoni ilikwishahifadhiwa kwingine kwenye ubongo zamani, haiombi tena ruhusa pale mlangoni. Na kubangua korosho ni elimu ya mikono, ina njia yake nyingine kabisa. Ndiyo maana hawezi kukwambia amekula nini lakini punje zake zinatoka nzima.

Na ile njia ya shambani? Mwaka 1971 John O'Keefe, akiwa London, alieleza kwamba ndani ya hipokampasi ya panya kuna seli ambazo huwaka panya anapokuwa mahali fulani tu: hii kwenye kona hii, ile karibu na ukuta ule. Kama ramani. Kwa kazi hiyo alipata Tuzo ya Nobel mwaka 2014, pamoja na May-Britt Moser na Edvard Moser. Mama alipokutwa barabara ya Lindi hakuitwa na bahari, mwanangu. Ramani ilififia, na miguu ikaendelea kwenda kwa sababu miguu haikuwa na tatizo. Hata tukisoma mwelekeo tu, barabara ile ilikuwa inampeleka mbali na shamba lake na mbali na nyumba yake, yeye akidhani anarudi.

Kusinyaa sasa. Hipokampasi hupungua kidogo kwa kila mtu anayezeeka. Ikipungua kuliko umri unavyotarajia, na mtu ana dalili kama hizi, madaktari hufikiria ugonjwa wa Alzheimer, ule unaokula kumbukumbu taratibu, ulioelezwa kwanza na Mjerumani Alois Alzheimer mwaka 1906. Wanafikiria, hawahukumu. Picha peke yake haitoshi kumpa mtu jina la ugonjwa, wala mimi sitalitoa kwa barua. Kuna mambo mengine huleta usahaulifu au huuzidisha, na baadhi yanatibika: tezi ya shingoni kufanya kazi chini ya kiwango, upungufu wa vitamini B12, sonona, maambukizi fulani, viharusi vidogo vidogo vinavyopita bila kelele, hata baadhi ya dawa za usingizi. Kwa hiyo mkirudi kliniki usikubali tena bahasha iliyofungwa. Kaa kwenye kiti, sema: "Daktari, naomba uniambie kwa Kiswahili, kusinyaa huku ni kwa kiasi gani kwa mtu wa umri wake, na ni vipimo gani vya damu bado havijafanyika?" Usione haya. Nenda na orodha ya dawa zote anazomeza, na uandike lini uliona nini kwanza: chumvi, pesa, njia. Ikiwa ni Alzheimer, dawa za kuiponya hazipo, ila zipo zinazowasaidia wengine kwa muda, na kujua mapema kutawasaidia ninyi mnaomlea.

Vidonge vya presha visiguswe. Hapa sitanii na sitazunguka. Mama wa miaka 71 mwenye presha akikatizwa dawa siku ishirini na moja anaweza kupata kiharusi, na hicho hakina utani na mtu. Pia mtu aliyeanza kupoteza ramani ukimhamishia nyumba asiyoijua, kwa watu asiowajua, atachanganyikiwa zaidi. Usiku ataamka atafute mlango mahali ambapo hapana mlango.

Basi mjomba. Usimrudie kwenye kikao. Alisema mbele ya watu, ukimpinga mbele ya watu atasimama na neno lake hata kama moyoni ameshalegea. Mwendee kwake, jioni, baada ya sala, bila simu mkononi, hiyo simu imekwisha kuharibu vya kutosha. Anza na kosa lako, kwa sababu ni lako kweli: "Mjomba, nimekuja kuomba radhi. Nilisoma vibaya karatasi ya mama, nikakupa neno ambalo halimo." Hapo umempa njia ya kutokea. Yeye hakukosea, alipewa habari mbovu na mpwa wake. Kisha toa ile korosho mfukoni, umwoneshe, useme ndani ya kichwa cha dada yake kuna kitu cha umbo hili, na kimesinyaa kama punje iliyokaa ghalani muda mrefu. Mvuvi na mkulima wa kusini anaijua punje iliyosinyaa, hahitaji Kigiriki. Na hachinji mbuzi kwa ajili yake.

Akitaka dua, isomwe. Hapo hapo nyumbani, mama akiwa amekaa kwenye mkeka wake, kati ya watu anaowajua. Hakuna kipimo kinachokataza dua, na nina hakika mama atafurahi kuona watoto wamekusanyika, hata kama kesho atauliza ni lini mtakuja. Laki nne ziwe nauli na vipimo vya damu. Tena mpe mjomba kazi, maana anachotaka ni kumfanyia dada yake jambo: yeye ndiye aliye hai mwenye Newala ile ile kichwani. Aje jioni kibarazani wakumbushane nani alivunja mtungi. Hakuna daktari anayeweza kumfanyia mama hilo.

Mambo madogo ya nyumbani: chumvi iwekwe mbali na jiko, atie mwingine. Namba yako ya simu ishonwe kwenye pindo la kanga anayokwenda nayo shambani, na bora zaidi asiende peke yake. Waambie vijana wa bodaboda wa kijiweni kwenu, mmoja amekwisha kumwokoa mara moja. Akiuliza "Mmeshakula?" mara ya nne, jibu kama ya kwanza. Usimwambie "nimeshakujibu", maana kwake hujamjibu. Na usimpime, ile ya "mama, mimi ni nani, leo ni siku gani?" mbele ya wageni. Humsaidii, unamwaibisha.

Ukilazimika kulitumia tena lile neno, sema hivi: hipokampasi *ya* mama *imesinyaa*, hipokampasi *zake* mbili *zimesinyaa*. Farasi mwache Msimbati kwenye majani ya bahari.

Nimebakiza jambo moja, nawe umelipita haraka kwenye barua: "Basi tukanyamaza." Yule mtoto wa kidato cha pili aliitwa mwizi wiki nzima, pesa zikaonekana kwenye debe la unga, na hakuna aliyemwambia kitu. Bibi yake hawezi kumwomba radhi kwa jambo asilolikumbuka. Ninyi mnalikumbuka. Mwite leo, na hao waliomsema wawepo.